Duka Lililoitwa Humbug

Kabla sijasema lolote, inanibidi nijitambulishe kwa heshima zote. Mimi ni Whereas. Katika kitabu cha parokia nimeandikwa Trésor, na mama yangu kule Rubaya, anayewakaangia wachimbaji mandazi, huniita Trésor kila anapotaka kunipiga. Lakini katika internat yetu, shule ya bweni iliyo juu ya barabara kidogo kabla hujaingia Walikale, ubatizo wa padri hauna kazi kubwa. Kuna ubatizo wa pili, na huo unafanywa kwa uma.

Mambo yake huenda hivi. Mwanafunzi mgeni, ambaye sisi tunamwita bleu, anaketishwa katikati ya chumba cha kulia siku ya Jumapili baada ya maharage. Anafungwa taulo machoni. Mbele yake inawekwa kamusi kubwa ya Kiingereza tuliyoachiwa na mapadri wa zamani, nzito kama mwana-mbuzi, isiyo na jalada, na kwa hiyo isiyo na jina lake yenyewe. Kamusi inafunguliwa popote, bleu anapewa uma, bleu anachoma. Neno lililochomwa ndilo jina lake mpaka siku ya diploma. Hakuna rufaa. Rafiki yangu Bibiche, msichana mfupi mwenye sauti ya tarumbeta, alichoma Parliament. Jean de Dieu wa Buleusa, ambaye sahani moja kwake ni salamu tu, alichoma Yesterday. Kuna mtoto mmoja alichoma nafasi tupu pembeni mwa ukurasa, tukakaa kikao, na kwa huruma tukamkopea neno la jirani. Leo anaitwa Cucumber na ana afya njema.

Lakini jina peke yake halitoshi. Jina lazima liwe na kwao. Katika kamusi ile, mwishoni mwa kila neno, kuna maandishi madogo yanayoeleza neno lilitoka wapi na lilipitia kwa nani kabla ya kufika kwa Waingereza. Kwa hiyo tuna ofisa maalumu anayeitwa Msomaji wa Asili, ambaye husimama na kumsomea bleu ukoo wa jina lake. Ofisa huyo ni mimi. Niliirithi kazi hii kwa kaka mmoja aliyemaliza, na pamoja na kazi nilirithi siri yake. Yale maandishi madogo yameandikwa kwa vifupisho, OE, OF, ON, na ukurasa uliokuwa unavieleza ulichanwa zamani na mtu aliyekuwa na tumbaku bila karatasi. Hakuna aliyewahi kuelewa kitu. Kaka yule alinishika bega akaniambia: "Ukiona herufi hazisemi, simama wima, kohoa, halafu tunga."

Nilitunga. Sijui kama duniani kuna mtu aliyetunga kwa bidii kama mimi. Nilimwambia Yesterday kwamba jina lake lilikuwa la mfalme aliyekula chakula cha kesho yake na ndiyo maana alikuwa na njaa daima. Nilimwambia Cucumber kwamba alikuwa jenerali. Watoto walilala wamenyooka.

Tatizo lilikuwa Profesa Édouard, mwalimu wetu wa Kiingereza, mtu mwembamba anayevaa tai hata kwenye uwanja wa mpira. Yeye anapenda ukweli, na ukweli wake haukubaliki. Siku moja alitueleza darasani kwamba neno window lilitoka kwa mabaharia wa kaskazini, na kwamba kwao maana yake ilikuwa jicho la upepo. Tukavumilia. Halafu akasema kwamba muscle kwa Kilatini ilikuwa panya mdogo, kwa sababu ukikunja mkono, nyama inatembea chini ya ngozi kama panya.

"Prof, sasa unatuchezea," Jean de Dieu alisema. "Panya mu mukono?"

"Iko mu kitabu," Profesa alisema.

"Basi na kitabu iliongopewa."

Darasa lilicheka mpaka préfet, mkuu wa shule, akatuma mtu kuuliza kama kuna nyoka ameingia. Baada ya kipindi Jean de Dieu alinifuata nyuma ya jiko, akaniomba nimpe asili ya kweli ya muscle. Nilimpa: Jenerali Muscle, kaka mkubwa wa Jenerali Cucumber. Alishukuru, akaenda zake ameridhika.

Hivyo ndivyo dunia ilivyokuwa, imepangika na ina amani, mpaka alipofika Kavira.

Kavira alikuja baada ya Noeli, na sanduku la chuma, na sharti moja. Baba yake ni Papa Kataliko, mfanyabiashara wa Butembo mwenye kamyo inayopanda na kushuka barabara ya Bukavu na Kisangani, na wakati ule alikuwa anamalizia duka jipya Walikale katikati. Kavira alitueleza sharti lake asubuhi ya kwanza, juu ya uji, jinsi mtu anavyoeleza jino linalouma.

"Papa anataka nikae ku comptoir, ku meza ya duka, niuze. Mama njo alilia mpaka Papa akakubali nijaribu masomo. Niko na ruhusa mpaka Pasaka. Papa asipoona kitu nimevuna huku, narudi kupima muchele."

"Na weye unataka nini?" Bibiche aliuliza.

"Nataka kuwa muntu wa kutafsiri mu tribunal, kule kwa majaji."

"Ee! Mu tribunal watu wanasema bongo, uongo mutupu, mu luga ine, na weye unataka kuirudilia mu luga ya tano?"

"Nataka kuirudilia vizuri," Kavira alisema, akamalizia uji wake.

Jumapili ikafika. Kavira alifungwa taulo, akashika uma kama mtu anayechinja, akachoma kwa nguvu mpaka uma ukatoboa kurasa nyingi. Sheria inasema linahesabiwa neno la juu. Nikainama. Neno la juu lilikuwa Humbug.

Nilisoma maana yake kimoyomoyo. Udanganyifu. Maneno matupu. Mtu mwongo. Hilo halikunitisha hata kidogo. Tumewahi kuwa na dada aliyeitwa Diarrhoea, na alipata diploma kwa alama nzuri. Kilichonitisha ni yale maandishi madogo ya mwisho. Kwa mara ya kwanza hayakuwa vifupisho. Yalikuwa maneno mawili, na niliyaelewa vizuri sana: origin unknown. Asili haijulikani. Waingereza wenyewe, pamoja na maktaba zao zote, wamelikuta neno hili mlangoni asubuhi moja na hawajui ni la nani.

Sasa niambie. Chumba kizima kimenyamaza, hata wapishi wamesimama, bleu amefungwa taulo anangoja kusikia kwao ni wapi, halafu mimi niseme haijulikani? Kuna mambo ambayo ofisa wa serikali anaweza kufanya, lakini ofisa wa internat hawezi. Nilisimama wima. Nilikohoa.

"Humbug," nilisema, "ni neno la watu wa bahari ya kaskazini. Zamani, katika soko la mji wao, kulikuwa na mizani moja tu, na mwanamke mmoja tu aliyeruhusiwa kuishika. Wafalme walimletea ng'ombe, akakataa. Maaskofu walimletea divai, akakataa. Alipopima, hata mwizi alikubali. Mwanamke yule aliitwa Humbug, yaani, Mwenye Mizani Isiyolala Upande."

Walipiga meza kwa vijiko. Kavira alifungua taulo, na macho yake yalikuwa na maji. Bibiche anasema ilikuwa sabuni ya taulo. Mimi nilikuwa karibu zaidi.

Mnielewe, kwa desturi asili ya jina haitoki nje ya ukuta wa internat. Nani aende kumwambia baba yake kwamba anaitwa Cucumber? Lakini Kavira ni binti wa duka. Jumapili ya kutembelewa, baba yake alipomuuliza amevuna nini, alimwambia habari yote, soko, mizani, wafalme na ng'ombe wao. Hakuwa na sababu ya kuihakiki. Kamusi inafungiwa katika kabati la préfet, na ufunguo tunapewa Profesa na mimi tu. Simu kwetu zimekatazwa. Papa Kataliko ana simu, tena mbili, lakini yeye ni mtu wa kizamani katika jambo hili: simu inasema chochote, kitabu kimechapishwa.

Nilijua yote haya Jumamosi moja ya mwezi wa tatu, tuliporuhusiwa kushuka Walikale kununua sabuni. Tulikuwa Bibiche, Jean de Dieu na mimi. Tulipopita mbele ya duka jipya, tuliona ngazi, na juu ya ngazi Théophile, mchoraji wa mabango wa pale mjini, na chini ya ngazi Kavira, aliyeomba ruhusa tangu asubuhi, ameishika isiteleze. Uso wake uling'aa kuliko bati la paa. Nikafuata macho yake juu. Kwa herufi nyekundu zenye kivuli cha njano, urefu wa mtoto wa miaka mitatu, ukuta ulisema: MAISON HUMBU.

"Théophile," nilisema, na sauti yangu ilikuwa imepata homa, "kaka, shuka kwanza upumzike."

"Nipumzike ya nini? Imebakia herufi moja na mizani." Alinionyesha kwa brashi. "Hapa chini nitachora mizani. Haitalala upande. Nimeipima na kamba."

Papa Kataliko akatoka dukani, mtu mkubwa, kalamu nyuma ya sikio, anaongea kama anayekimbizwa na mvua.

"Weye njo Whereas? Weye njo ulisomea mutoto wangu ile neno? Karibu, kijana, karibu! Noëlla, leta soda tatu, ya baridi! Ona hii barabara. Pale iko Maison de la Confiance. Pale iko Chez Confiance. Kule chini iko Confiance Plus. Uaminifu tatu, na wenye wote tatu hawasalimiane! Nikasema, Kataliko, tafuta jina yenye haiko na ndugu. Nikatafuta mwaka muzima. Na mutoto, miezi mbili tu ku masomo, analeta ile." Akaweka mkono juu ya kichwa cha Kavira. "Nilimwambia mama yake: basi, abaki. Kama mu miezi mbili ameleta jina, mu miaka ataleta nini?"

"Papa amekubali!" Kavira aliniambia, kana kwamba sikuwa nimesikia. "Nabaki! Ni juu ya Humbug!"

Jean de Dieu aliniangalia. "Whereas, mbona soda bado haijakuja na weye umeanza kutoka jasho?"

"Na siku ya kufungua," Papa Kataliko aliendelea, "Jumamosi ijayo, Abbé Élie anakuja kubariki. Nataka ile kitabu yenyewe iletwe. Isomwe mbele ya watu wote, wasikie kwa masikio yao."

"Papa, kitabu ile iko nzito sana," nilisema.

"Niko na kamyo," alisema Papa Kataliko.

Tulirudi na sabuni zetu, Kavira ametangulia akiimba. Nilimsogelea Bibiche, nikamwambia maana ya Humbug kwa sauti ya chini kabisa, ile ya kitubio. Bibiche aliipokea kwa sauti yake mwenyewe.

"HUMBUG NI MUONGO?"

Ndege walitoka kwenye miti. Kavira alisimama. Halafu aliendelea kutembea, haraka zaidi, moja kwa moja mpaka kwa Profesa Édouard, akaomba ufunguo. Tulimngojea nje ya ofisi ya préfet kama wagonjwa. Alipotoka alikuwa ameshika ndala moja mkononi.

"Asili haijulikani," alisema.

"Ndiyo."

"Na weye ukatunga mwanamuke, na soko, na mizani."

"Na bahari," nilisema, kwa sababu napenda mambo yawe kamili.

Sitaeleza kwa kirefu yaliyofanywa na ile ndala. Ilipotulia, Kavira aliketi chini, akaanza kuhesabu hasara yake bila machozi, kama binti wa duka. Ukuta umepakwa rangi. Baba ameshawaambia Walikale nzima. Akijua ukweli, atasema masomo ni maneno matupu, na yeye atakuwa nyuma ya comptoir kabla rangi haijakauka.

"Basi asijue," alisema Bibiche. "Whereas atasoma. Nani pale anajua Kiingereza? Prof peke yake."

Tukaenda kwa Profesa. Alisikiliza mpaka mwisho, na kwa mara ya kwanza tangu tumjue alilegeza tai.

"Mimi sitasema uongo," alisema. "Sitasema hata nusu." Akafikiri sana. "Lakini naweza kukohoa."

Tulimshukuru kwa moyo wote. Kavira peke yake hakushukuru. Aliniambia: "Usome. Lakini usome haraka. Sitaki kusikia."

Jumamosi ile kamyo ilikuja kweli kuchukua kamusi. Dereva aliiweka mbele, kwenye kiti cha pembeni yake, akaifunga na kitambaa isitikisike. Sisi na Profesa tulipanda nyuma, juu ya magunia.

Mbele ya duka kulikuwa na Walikale yote na nusu ya Buleusa. Wenye maduka ya Confiance walikuwepo wote watatu, kila mmoja kona yake. Mama Annonciata, mama yake Kavira, alikuwa amevaa kitenge kipya na uso wa mtu aliyeshinda vita kwa kulia. Mbele kabisa alisimama Mama Adrienne, muuza mawese, ambaye kwa bei hana huruma na mtu. Inasemekana aliwahi kubishana bei ya kilo moja ya chumvi tangu misa ya kwanza mpaka misa ya pili. Na juu ya vichwa vyetu wote, nyekundu, njano, ikiwa na mizani iliyonyooka kama askari: MAISON HUMBUG.

Abbé Élie alinyunyiza maji ya baraka mlangoni, ukutani, kwenye magunia ya mchele, na kidogo kwenye viatu vya Papa Kataliko. Halafu nikaitwa.

Nilipanda kwenye kreti ya bia. Jean de Dieu alinishikia kamusi kifuani kwake kama altare. Nilisoma: "Humbug," na papo hapo Profesa Édouard akaanza kukohoa. Alikohoa kwa uaminifu. Nami nikatoa bahari, soko, wafalme, maaskofu, nikaongeza na mafuriko ambayo Jumapili ile hayakuwepo, mto umefunika mji mzima na mwanamke amesimama juu ya paa ameinua mizani isilowe. Watu waliguna. Mwenye Confiance Plus aliinamisha kichwa. Papa Kataliko alikuwa anafuta macho.

Ningeshuka hapo, ingekuwa kazi safi. Lakini Abbé Élie ni mtu wa utaratibu.

"Vizuri sana," alisema. "Ila ku ubatizo, mwenye jina njo anajibu mwenyewe. Jina iko ya Kavira. Kavira, kuja karibu. Njo vile iko mu kitabu?"

Alihitaji kusema maneno mawili tu. Njo vile, ndivyo. Hata kuitikia kwa kichwa kungetosha. Profesa alishindwa hata kukohoa. Kavira alisogea mbele ya Jean de Dieu, akamwangalia baba yake, akamwangalia mama yake, akaniangalia mimi kwa namna ambayo ilinifanya nishuke kwenye kreti. Halafu akaweka kidole kwenye ukurasa, mahali penye matundu ya uma, akasoma kwanza kwa Kiingereza, taratibu, kisha akageukia watu.

"Humbug," alisema. "Ya kwanza: udanganyifu, maneno ya kupamba yenye haina kitu ndani. Ya pili: muntu muongo. Asili yake: haijulikani." Akafunga kitabu. "Njo vile iko, Abbé."

Kimya kilichofuata, ningekuwa na gunia ningekiweka ndani nikauza. Théophile aliificha brashi nyuma ya mgongo. Mama Annonciata alikuwa ameshashika ncha ya kitenge tayari kwa kulia upya, na mkono ukabaki njiani. Papa Kataliko alitazama ukuta wake, herufi moja baada ya nyingine, kana kwamba anatumaini mojawapo itajieleza.

Aliyevunja kimya ni Mama Adrienne. Kicheko chake kilianzia tumboni, kikapanda, kikamfikia mdomoni kikiwa tayari kimekomaa.

"Papa Kataliko! Mimi kila siku ya soko nakwambia ile neno mu Kiswahili, unakasirika! Kumbe ulikuwa unangoja uiandike mu Kizungu!"

Basi ikaisha. Walikale ilicheka. Wenye Confiance watatu walicheka, na katika kucheka wakajikuta wameshikana mabega, wakashtuka, lakini walikuwa wamechelewa. Mtu aliuliza kama mizani nayo ina tafsiri. Abbé Élie, ambaye alikuwa anauma midomo, aliinua mkono.

"Ukuta nimeisha kubariki," alitangaza. "Jina, hapana."

Papa Kataliko peke yake hakucheka. Alimwendea binti yake, na watu wakaanza kunyamaza kutoka mbele kwenda nyuma.

"Kavira. Kama ungenyamaza, kuna muntu hapa angejua?"

"Hapana, Papa."

"Ulijua kama nitakukasirikia?"

"Ndiyo, Papa."

"Ulijua nitakuondosha ku masomo?"

"Nilijua." Alinyoosha kidole kwenye kamusi. "Abbé aliuliza kile iko mu kitabu. Njo iko mu kitabu."

Papa Kataliko alitoa kalamu nyuma ya sikio, akaitazama, akairudisha. Halafu akamgeukia mke wake, na uso wake ulikuwa wa mtu aliyegundua ufa katika nyumba na anashukuru hajahamia bado.

"Mama Kavira. Umesikia? Huyu mutoto ukimuweka ku comptoir, duka imekufa siku ya kwanza. Muteja atauliza, muchele hii iko ya mwaka huu? Naye atajibu! Watauliza, na hii sukari muliinunua bei gani? Naye atasoma facture, karatasi ya bei yenyewe!" Akashika kichwa. "Mbele ya padri! Mbele ya Adrienne! Hapana. Hapana kabisa. Huyu haiko muntu wa biashara. Arudi masomo. Akae kule. Akae miaka yote yenye wanamutaka!"

Mama Annonciata aliamua kulia hata hivyo, maana alikuwa ameshajiandaa. Kavira akaruka, akamkumbatia baba yake shingoni mpaka kalamu ikaanguka. Bibiche akapiga kigelegele kimoja, na nadhani kilisikika Masisi.

Mimi nilikuwa natafuta njia kati ya magunia mawili.

"Na weye," alisema Papa Kataliko.

Nilisimama wima. Sikuthubutu kukohoa.

"Mwanamuke wa mizani. Haikukuwa mu kitabu?"

"Hapana, Papa."

"Wafalme?"

"Hapana."

"Na ile mafuriko ya leo?"

"Ile ilinijia nikiwa juu ya kreti."

Alinizunguka taratibu, ananitazama kama anavyotazama injini. "Papa yako iko wapi?"

"Mama yangu tu njo niko naye, Papa. Iko Rubaya. Anauza mandazi."

"Anauza vizuri?"

"Watu wanakula wakiwa wameshiba."

Alitikisa kichwa polepole, kama daktari aliyepata ugonjwa aliokuwa anaushuku. Akaingia dukani, akatoka na kopo la sardini lenye vumbi, ambalo kwa macho yangu lilikuwa limeona marais kadhaa. Akaliweka mkononi mwangu, akanielekeza kwa watu, ambao walikuwa hawajaondoka na hawakuonyesha nia ya kuondoka.

"Pasaka nitakuwa na nafasi ya muntu ku comptoir," alisema. "Nataka kuona. Uza hii."

Nililigeuza kopo. Nje, kamyo ilikuwa imewashwa tayari. Kavira alikuwa ameketi mbele, pembeni ya dereva, kamusi mapajani, anasoma ukurasa mmoja baada ya mwingine bila kuinua macho, na Profesa Édouard amening'inia dirishani akimweleza vifupisho kwa mikono miwili. Mama Adrienne alikunja mikono kifuani mbele yangu, akanipa shavu moja la dharau.

"Sema basi, Humbug. Hii samaki inatoka wapi?"

Nilipanda kwenye kreti.

"Mama," nilisema, "samaki hawa ni watu wa familia ya kifalme."

Alinunua makopo mawili.